Cheo Bila Mshahara

(Maneno yaliyosemwa Simi-Simi mbele ya wafanyakazi na wenyeji wa mji)



Tumewaiteni hapa Simi-Simi kwa neno moja tu, nalo ni mshahara wa mtumishi wa serikali. Nani anaupanga? Nani anauandika? Na kwa nini maneno yaliyoandikwa hayafiki mfukoni? Mahali penyewe panatusaidia kusema. Kabla ya kujengwa kiwanja cha Bangboka, ndege kubwa za mji huu zilitua hapa. Zilileta mifuko ya barua kutoka mji mkuu, na ndani ya mifuko hiyo zilikuwamo amri za kupandisha watu vyeo. Karani aliposikia ndege inanguruma juu ya mto, moyo wake ulipiga. Kutoka hapa mpaka Kinshasa kwa njia ya mto ni zaidi ya kilometa 1,700. Katika urefu huo karatasi nyingi zimepotea, wala hazikuchukuliwa na maji.

Twajua kati yenu wamo ndugu waliochimba dhahabu Kilo na Moto, na wengine waliochimba bati Kalima. Labda mmoja anasema moyoni: "Mambo ya makarani yananihusu nini mimi mtu wa shimo?" Ndugu, yanakuhusu sana. Desemba 1941 wachimbaji wa Union Minière kule Katanga waligoma wakidai nyongeza ya mshahara, na tarehe 9 ya mwezi huo askari wakawapiga risasi katika uwanja wa mpira wa Elisabethville. Hawakuwa makarani wale. Lakini ugomvi wao na ugomvi wa makarani ulikuwa na mzizi mmoja: kazi ya mtu ilipimwa kwa ngozi yake, si kwa jasho lake. Tena kuna jambo la pili linalokuhusu, nalo tutalifikia mbele kidogo.

Basi tuanze na zamani, maana deni la leo lina baba yake.

Wakati wa Wabelgiji kulikuwa na sheria mbili za kazi za serikali. Mzungu alikuwa na yake, yenye ngazi ndefu ya kupanda. Mwafrika aliandikwa kuwa msaidizi tu. Aliweza kukaa meza moja na Mzungu, akaandika barua zilezile na kujibu raia walewale, lakini mwisho wa mwezi vitabu vyao vilikuwa mbalimbali. Baada ya vita kuu ya pili makarani wakaunda chama chao, APIC, yaani chama cha watumishi Waafrika wa koloni. Hapa Stanleyville, mwaka 1955, mwenyekiti wa tawi la chama hicho alikuwa karani mmoja wa posta. Jina lake mnalijua: Patrice Lumumba. Kabla dunia haijamsikia akisema juu ya uhuru wa nchi nzima, alikuwa mtu wa kudai haki za makarani wa mji huu. Tusilisahau jambo hilo. Watu wengi hudhani kwamba siasa ilishuka kutoka mbinguni. Kwetu sehemu yake ilianza kwenye meza ya posta.

Wala hatukuwa peke yetu. Majirani zetu chini ya Waingereza, wa Kenya, Uganda, Tanganyika na Unguja, walikuwa na kipimo chao. Mwafrika mwenye kazi sawa na Mzungu alipewa sehemu tatu katika tano. Mzungu akipata shilingi tano, yeye tatu. Tume ya Holmes ilitoa ripoti yake mwaka 1948, nayo ikakiacha kipimo hicho palepale. Ilibidi kungoja tume nyingine, ya Lidbury, mwaka 1954, ndipo ikashauriwa kwamba ngazi za mishahara zisitazame rangi tena. Hesabu zilikuwa na Wazungu, na sababu walizotoa zilikuwa nyingi, lakini mtu hawezi kumwambia mwenye duka wa sokoni, "Nipe kitambaa kwa bei ya tatu katika tano, kwa kuwa mimi ni Mwafrika."

Kwetu makarani walidai miaka mingi sheria moja kwa wote. Ikaja hatimaye kwa amri ya mfalme ya tarehe 13 Januari 1959, siku chache tu baada ya ghasia za Léopoldville. Mlango ukafunguliwa, lakini ngazi za juu zilibaki mikononi mwa Wazungu, nao Wabelgiji waliendelea kupata nyongeza ya kuwa mbali na kwao. Nchi ilipopata uhuru tarehe 30 Juni 1960, katika vyeo vya juu vya utawala, ambavyo vilikuwa zaidi ya 4,000, Wakongo walikuwa watatu. Ndugu, tumesema watatu. Mnaweza kuwahesabu kwa vidole vya mkono mmoja, na vidole vikabaki.

Na jeshini je? Hakukuwa na ofisa Mwafrika hata mmoja. Tarehe 5 Julai 1960 Jenerali Janssens aliandika ubaoni mbele ya askari kwamba kabla ya uhuru na baada ya uhuru ni mamoja. Askari wakasoma, wakaelewa, na jioni ileile kambi zikaanza kuwaka. Serikali ikatangaza kuwapandisha askari wote daraja moja, lakini moto ulikuwa umekwisha kushika nyasi. Nchi changa ya siku tano iliingia katika taabu, na moja ya sababu za taabu hiyo ni kupandishwa cheo. Kwa hiyo mtu asiwaambie kwamba mambo ya vyeo ni mambo madogo ya watu wenye kalamu.

Sasa tuje katika siku zetu.

Watu wengi walifikiri kwamba Mzungu akiondoka, vile vitabu viwili vitakuwa kimoja. Rangi iliondoka kweli. Vitabu viwili vikabaki, kwa namna nyingine. Sikilizeni vizuri hapa, maana hapa ndipo kesi nyingi zinapozaliwa.

Cheo cha mtumishi kimo katika kitabu cha wizara ya utumishi wa serikali. Sheria ya 1981, na baada yake sheria ya tarehe 15 Julai 2016, zimeandika ngazi zote, kutoka tarishi mpaka katibu mkuu, na namna ya kupanda: lazima nafasi iwepo, lazima mtu apewe alama nzuri na mkubwa wake, lazima amri itoke. Lakini mshahara hautoki katika kitabu hicho. Mshahara unatoka katika kitabu cha pili, listi ya malipo, na listi hiyo inashikwa na wizara ya bajeti. Kitabu cha kwanza kinaweza kusema wewe ni mkuu wa ofisi. Kitabu cha pili kinaweza kuendelea kukulipa kama mtu wa daraja la chini, mwaka wa kwanza, wa pili, wa tano. Ukienda kwa mwenye kitabu cha kwanza, atakuambia: "Mimi nimekwisha kuandika." Ukienda kwa mwenye kitabu cha pili: "Mimi sijaletewa." Na wewe u katikati yao, na viatu vinaisha.

Mmoja wetu yalimpata hayo. Hatuitaji ofisi yake, maana hatukuja kushtaki mtu. Alipata barua ya kupandishwa. Mkewe alichinja kuku, majirani wakaja kumpongeza, hata mwenye nyumba akaja, na kesho yake mwenye nyumba huyo akapandisha kodi. Mwisho wa mwezi ndugu yetu akaenda kupokea mshahara. Ulikuwa uleule. Akasema, labda mwezi ujao. Mwezi ukaja, na mwingine, na mwingine. Akaanza kuulizwa nyumbani: "Hicho cheo umekiweka wapi?" Akafika mahali pa kuona haya kwa jambo ambalo si kosa lake. Alipotaka hatimaye kudai, hakuwa na nakala ya barua ile; aliiacha ofisini kwa mtu aliyeahidi kuishughulikia. Wazee walisema kweli: mali bila daftari hupotea bila habari.

Tuseme na la pili, lililo kubwa zaidi, kwa sababu halikumgusa mtu mmoja bali watumishi wote. Februari 2004 serikali na vyama vya wafanyakazi walikutana Mbudi, karibu na Kinshasa, wakakubaliana ngazi mpya ya mishahara. Wa chini kabisa, tarishi, apate dola 208 kwa mwezi. Wa juu kabisa, katibu mkuu, apate dola 2,080. Yaani mkubwa apate mara kumi ya mdogo, si zaidi. Tena ifikiwe hatua kwa hatua. Watu walipiga makofi. Lakini ngazi hiyo haikutimizwa kama ilivyoandikwa, na miaka mingi baadaye vyama vilikuwa bado vinaitaja katika kila mgomo, hata neno Mbudi likawa halina maana ya mahali tena bali maana ya deni. Watoto waliozaliwa mwaka ule walikua wakaota ndevu, na baba zao bado wanahesabu.

Badala ya ngazi moja ya haki zikaja nyongeza za kila ofisi. Wizara yenye fedha iliwapa watu wake nyongeza nono, wizara maskini ikawapa kidogo au bure. Watu wawili wenye cheo kimoja na miaka sawa ya kazi hawakupata sawa, kwa sababu mmoja anakaa karibu na sanduku la fedha na mwingine yuko mbali. Huyo anayefundisha shuleni au kuandika vizazi na vifo katika wilaya yuko mbali. Waliopanga hivyo hawakumtazama mtu rangi, hilo twakubali. Walitazama mlango aliokaa nyuma yake.

Sasa lile jambo la pili tulilomwahidi mtu wa shimo ni hili. Mshahara ambao serikali hailipi haupotei. Unalipwa, ila mlipaji anakuwa wewe. Mkono mtupu haulambwi, na karani mwenye tumbo tupu hujifunza upesi kukuambia kwamba muhuri umekosa wino. Wewe mama wa sokoni, ukitoa franga ili karatasi ya mtoto isogee kutoka meza moja hadi nyingine, unamlipa mtumishi mshahara wake usiofika. Tangu migomo ya walimu ya mwanzo wa miaka ya 1990, wazazi wa Kongo walibeba mishahara ya walimu juu ya vichwa vyao kwa fedha za kila mwezi, mpaka mwaka 2019 serikali ilipotangaza shule za msingi kuwa bure. Karibu miaka thelathini! Mchimbaji aliyetoka shimoni na franga zake alimlipa mwalimu ambaye nchi ilimwajiri. Basi ugomvi wa mshahara wa mwalimu ulikuwa wa nani? Ulikuwa wake mwalimu, na ulikuwa wako pia.

Hatusemi haya ili kumpa ruhusa mtumishi anayenyang'anya watu. Hapana. Twasema ili tujue shimo liko wapi, tuache kumfukuza panya mmoja mmoja na kuliacha shimo wazi.

Tutazame sasa majirani, tupate kujifunza. Oktoba 1997 serikali ya Kenya, uchaguzi ukiwa mlangoni, ilikubaliana na walimu nyongeza ya asilimia 150 mpaka 200, ilipwe kwa hatua za miaka mitano. Jambo hilo likachapishwa katika gazeti rasmi la serikali. Ilipokuja siku ya kulipa hatua zilizofuata, serikali ikarudi nyuma. Walimu waliostaafu baada ya hapo wakaona pensheni zao zinahesabiwa kwa mshahara wa zamani. Wakaenda mahakamani Nakuru, na mwaka 2008 wakashinda. Hoja yao haikuwa ya machozi. Walisema: neno hili liliandikwa na kutangazwa kwa njia ya sheria, basi ni haki yetu. Lakini baada ya kushinda walingoja miaka mingi tena, na wengi walikufa wakingoja.

Mwaka 2015 walimu wa Kenya walirudi mahakamani. Tarehe 30 Juni jaji akawapa nyongeza ya asilimia 50 mpaka 60. Serikali ikakataa kulipa, shule zikafungwa kwa mgomo mwezi wa Septemba, na Novemba mwaka uleule Mahakama ya Rufani ikaifuta hukumu ile. Ndipo mwaka 2016 wakakaa mezani wakafanya mapatano mapya. Ona basi: waliwahi kushinda wakangoja, na waliwahi kushinda wakapoteza. Mahakama ni chombo kizuri, lakini si mwisho wa njia. Hukumu bila umoja hulala kabatini, na mgomo bila karatasi hupita kama mvua ya usiku. Asubuhi ardhi imekauka.

Kwetu pia mlango wa sheria upo. Katiba ya 2006 inasema kila mfanyakazi ana haki ya malipo yanayomwezesha yeye na jamaa yake kuishi kwa heshima. Inatambua vyama vya wafanyakazi, tena inatambua haki ya kugoma. Imeweka mahakama za mambo ya utawala, na juu yao Conseil d'État, iliyopangwa kwa sheria ya Oktoba 2016. Mtumishi aliyenyimwa haki ya cheo chake anaweza kuishtaki serikali yenyewe. Zamani za Wabelgiji karani angesema jambo hilo angechekwa.

Lakini mlango huo una kizingiti, na watu wengi wamejikwaa hapo. Huwezi kwenda mahakamani moja kwa moja. Lazima kwanza umwandikie yule aliyetoa amri, au aliyekataa kuitimiza, umwombe aisahihishe. Na muda wa kufanya hivyo huhesabiwa kwa miezi, si kwa miaka. Anayesema "nitangoja nione" anaweza kuamka akute haki yake imekufa, na hakuna aliyeiua ila kalenda.

Kwa hiyo twawaombeni mambo manne.

Kwanza, tunza karatasi. Amri ya kuajiriwa, amri ya kupandishwa, alama za kila mwaka, karatasi ya mshahara: zote ziwe na nakala nyumbani, katika sanduku la chuma, mbali na mvua na panya. Usimpe mtu karatasi ya asili, hata akiwa shemeji yako.

Pili, dai kwa maandishi, na upokee alama ya kwamba barua imepokewa, yenye tarehe na muhuri. Maneno ya barazani hayasimami mbele ya hakimu.

Tatu, msiende mmoja mmoja. Kidole kimoja hakivunji chawa. Watu ishirini wa daraja moja waliopatwa na jambo moja waandike barua moja kwa njia ya chama chao. Mtu mmoja huhamishwa wilaya ya mbali akasahauliwa. Ishirini ni vigumu kuwahamisha.

Nne, na hili ni gumu: tujisafishe wenyewe. Katika listi za malipo mmeonekana majina ya watu waliokufa, waliohama, na wengine ambao hawakuzaliwa kamwe. Kuna vyeo vilivyonunuliwa, na vingine vilivyogawiwa kwa ukoo. Kila jina la uongo linakula mshahara wa jina la kweli. Tukienda kudai Mbudi huku tunaficha mpwa wetu katika listi, hakimu hatatusikia, na raia hatatuunga mkono. Tena atakuwa na haki.

Nanyi ndugu msiokuwa watumishi wa serikali, tunawaomba jambo moja. Siku mwalimu au mwuguzi au karani atakaposimama kudai ngazi yake, msimcheke mkisema, "Hawa wameshiba, wana kiti na kivuli." Mwulizeni kwanza: unadai kilichoandikwa, au unadai kilicho cha wengine? Akikuonyesha karatasi, simameni naye. Siku yenu ya shimo nayo itakuja, na yeye ndiye mtakayemhitaji awaandikie barua.

Ahadi ni deni. Hilo kila mtoto wa Kiswahili anajua. Lakini deni lina tabia moja: lisipodaiwa, mdaiwa hulisahau kwanza, kisha hulikana, kisha humkasirikia mwenye haki. Wale makarani wa posta na wa wilaya wa mwaka 1955 walidai bila Katiba, bila mahakama ya kuwasikiliza, chini ya serikali iliyowaita wasaidizi. Sisi tunavyo walivyovikosa. Itakuwa aibu yetu tukikaa kimya tuliko wao.

Nendeni nyumbani salama. Na usiku huu, kabla ya kulala, kila mwenye karatasi aitafute alikoiweka.